Ukuta wa Bafu katika Nyumba ya Eda

Niliweka spana chini mwezi uliopita, na mgongo umeshukuru kabla ya mke wangu. Ninyi mliobaki pale karakanani Bondeni mmeniuliza mara nyingi kwa nini sigongi ukuta kabla sijauzunguka, na kila mara nimewajibu kwa mkato kwa sababu mikono ilikuwa na kazi. Sasa mikono haina kazi, mdomo nao hauna kizuizi. Nitawaeleza, ila msitarajie kusikia nani alinipandisha cheo. Katika ufundi bomba hakuna cheo. Kuna bomba lililoziba na bomba linalovuja, basi.

Nilianza mwanzoni mwa miaka ya tisini, nikitokea kwetu Kaloleni na begi moja na jina langu la Karisa, ambalo Fundi Gulamu alilitamka vizuri siku ya kwanza, jambo ambalo hata mwalimu wangu wa shule hakuliweza. Fundi Gulamu ndiye aliyenifunza kazi hii. Wazee wake walitoka Kachi, Bara Hindi, lakini yeye alizaliwa Mombasa, na Kimvita chake kilikuwa bora kuliko changu kwa mbali. Alikuwa mtu mfupi, mkavu, mwenye vidole vinene kama vya mtu mwengine.

Siku hiyo ya kwanza nilidhani nitapewa nyundo. Alinipa koki moja kuukuu, akaniambia nifumbe macho niifungue na kuifunga mpaka adhuhuri. Wateja walioingia walinitazama kama mgonjwa. Kufikia adhuhuri nilikuwa nimeelewa kwamba koki nzima hufunga taratibu kisha ikagota, na koki iliyokufa huteleza, huzunguka bila kufika popote. Sijapata kusoma kitabu kilichonifaa kuliko asubuhi ile.

Nyundo niliipata mwaka wa pili. Pamoja nayo alinipa tindo mbili, mwiko mdogo, pima maji ya mbao, na kipande cha msumeno wa chuma alichokifunga kitambaa upande mmoja kiwe na mpini. Kwa muda mrefu sikujua kile kipande ni cha nini, nikawa nakatia mkate.

Kazi yetu kubwa ilikuwa Mji wa Kale, na mnajua kuta za kule. Ni mawe ya matumbawe na chokaa, unene wake mkono mzima kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole, na ukizigonga zinanyamaza. Mgeni huona ukuta kama huo akadhani anaweza kuchimba siku nzima asitokee upande wa pili. Lakini watu wa kale walipenda vidaka, zile shubaka wanazoziacha ukutani kuweka mrashi na vyombo vya kaure. Palipo na kidaka, ukuta mnene unabaki mwembamba kama kiganja. Ndiyo maana Fundi Gulamu alikuwa na sheria moja asiyoichoka.

"Ukuta una nyuso mbili," alikuwa akisema. "Zisalimie zote mbili ndipo upige."

Niliijua sheria hiyo kwa moyo. Nilikuwa nikiwafundisha wengine. Nawaambia haya mjue kwamba kosa ninalokwenda kulieleza halikutokana na ujinga.

Ilikuwa katikati ya miaka ile ya tisini, wakati maji ya mfereji yalikuwa yakija kisiwani siku yalizotaka. Asubuhi moja mama wa makamo aliyevaa buibui alisimama mlangoni mwa karakana, akatoa salamu, akatazama ndani kama mtu anayetafuta kuku wake.

"Fundi mkubwa yuwapi?"

"Amekwenda Mbaraki, mama. Kuna nyumba mtaro umeziba."

"Na wewe?"

"Mimi pia ni fundi."

"Mkubwa?"

"Wa kutosha," nikasema.

Hakucheka. Alijitaja kwa jina la Bi Esha, akanieleza shida yake akiwa bado amesimama. Kakake, aliyekuwa karani gatini Mbaraki, alikuwa amefariki siku arubaini zilizopita. Mkewe, Bi Zuhura, alikuwa kwenye eda, na Bi Esha alihamia kukaa naye. Sasa koki ya bomba la mvua bafuni ilikuwa haifungi. Tangi la darini lilikuwa likijaa usiku, adhuhuri limekwisha.

"Mtu wa eda hatoki kwenda kukoga kwa jirani," akasema. "Miezi mine na siku kumi yuko papo hapo. Mai ya kukoga na ya kutawadha ndiyo hayo hayo. Waelewa?"

Nilielewa kiasi changu. Mimi ni Mkristo. Nilijua kwamba mjane wa Kiislamu akiwa edani haonekani na mwanamume asiyekuwa wa kwake, na hapo elimu yangu ilikwisha. Yaliyobaki niliyajaza kwa hofu.

Nyumba ilikuwa ndani ya kichochoro cha Mji wa Kale, ghorofa moja na dari. Bi Esha alinipitisha ukumbini mpaka mlango wa bafu. Mlango wa pili, kando yake, ulikuwa na pazia zito la kijani.

"Bi Zuhura yumo humo. Pazia hilo usilivuke."

"La, mama. Sitalivuka."

Bafu lilikuwa dogo na safi. Kuta zilikuwa na vigae vyeupe, na kwenye usawa wa kifua palipita mstari mmoja wa vigae vyenye maua ya buluu, ukizunguka kuta tatu. Koki ilikuwa imezikwa ndani ya ukuta, kishikio chake kikitokeza katikati ya mstari wa maua. Nilifumba macho nikaizungusha. Ilizunguka bila kufika popote. Nikafungua kichwa chake nikaona mwili wenyewe umepasuka, kwa hiyo kubadilisha mpira kusingesaidia kitu. Ilibidi koki yote itoke, na ili itoke ilibidi ukuta ufunguliwe.

Nyuma ya ukuta huo kulikuwa na chumba cha Bi Zuhura.

Hapo ndipo nilipotakiwa kumwita Bi Esha nimwambie, mama, nahitaji kuuona ukuta huu kwa upande wa pili. Maneno machache tu. Lakini nilisimama pale nikiona haya hata kukohoa. Ningemwambiaje mtu kwamba nataka kuingia chumba cha mjane aliyefichwa? Nilijiambia kwamba heshima ni kumaliza kazi upande wangu na kuondoka. Nikafunga maji, nikachora duara kwa penseli, nikaweka tindo.

Pigo la kwanza liliingia vizuri. La pili nikasikia mlio ambao fundi yeyote huusikia tumboni kabla ya masikioni. Kigae kimoja cha maua kilipasuka toka pembe hadi pembe. Nikasogeza tindo, cha jirani yake kikapasuka. Nikabadilisha upande, nikipiga kwa upole kama anayebisha hodi, na cha tatu kikaanguka sakafuni pamoja na vyeupe viwili. Nyuma ya pazia kulikuwa na sauti ndogo ya tasbihi iliyokuwa ikienda tangu nilipoingia. Sauti ile ikakatika.

Bi Esha alikuja mbio akasimama kizingitini. Alitazama ukuta, kisha sakafu, kisha mimi. Aliongea kwa sauti ya chini, na ningependelea apige kelele.

"Umevunda vigae vya kakangu."

Hapo ndipo nilipopewa habari ambayo ningepaswa kuiuliza mapema. Vigae vile marehemu alivinunua mnadani gatini, kasha moja tu, miaka kumi na saba nyuma. Akachukua likizo, akavibandika mwenyewe kwa mikono yake, yeye ambaye hakuwa fundi wa chochote ila kalamu. Nyumba ilikuwa ya urithi, fanicha zilikuwa za wazee. Kitu pekee ndani ya nyumba ile alichokifanya yeye kwa mkono wake ni ukuta niliokuwa nimesimama mbele yake na tindo.

"Zuhura hukaa humu bafuni hata akiwa hakogi," akasema Bi Esha. "Hukaa tu. Sasa mimi n'tamwambiaje?"

Mfukoni mwa begi langu kulikuwa na bamba la chuma cheupe, pana kama sahani ya wali, la kufunika mashimo ya namna hiyo. Mnayajua mabamba hayo, na wengine wenu mmeyafanya dini. Ningelipigilia pale, shimo lingefichika, maua matatu yangetoweka chini yake na mtu angeambiwa ndiyo mitindo ya siku hizi. Nililishika. Nakiri nililishika kwa muda. Kisha nikalirudisha, nikamwambia Bi Esha nakwenda kutafuta kifaa, na nikaenda kwa miguu mpaka Mbaraki nusu nikitembea nusu nikikimbia.

Fundi Gulamu alikuwa amelala kifudifudi uani kwa watu, mkono mmoja ndani ya mtaro hadi begani. Nilimweleza yote. Alisikiliza bila kuutoa mkono.

"Uliuzunguka ukuta?"

"Nyuma yake kuna mjane, fundi. Yuko edani."

"Mjane ana miguu. Ungebisha, ungeambiwa ungoje, angehamia chumba chengine, ungeingia ukaangalia. Eda haikukatazi kuuliza."

"Niliona haya."

"Basi haya zako ndizo zilizovunda vigae. Nyundo imesaidia tu." Akautoa mkono, akauangalia kwa masikitiko, akaurudisha. "Maua hayo yafika wapi?"

"Kuta tatu zote."

"Mahali gani jito la mtu halioni, tuvitoe huko vyengine?"

Nikafikiri haraka. "Nyuma ya mlango."

"Mtu akikoga hufunga mlango, Karisa."

Nikafikiri tena, safari hii polepole. Pembeni mwa bafu lile palikuwa na pipa la maji, refu, limesukumwa hadi ukutani. Mstari wa maua ulipita nyuma yake. Nilipomwambia hivyo, Fundi Gulamu alitikisa kichwa kukubali.

"Chukua msumari, chimbua ukingoni mwa kigae. Ukitoka unga mweupe, ni chokaa. Kitie mai, kingoje, ukipitishe kile kipande cha msumeno nilichokupa, kitatoka kizima. Ukitoka unga wa kijivu, ni saruji, havitatoka ila vipande. Hapo rudi uniite, twende tukatukanwe sote." Nilikuwa nimeshageuka aliponiita tena. "Na vigae si vyako. Usiguse hata kimoja kabla hujamwambia mwenyewe. Si wifiye. Mwenyewe."

Safari ya kurudi ilikuwa fupi kuliko nilivyotaka. Nilipofika nilimwambia Bi Esha nataka kusema na Bi Zuhura, kwa nje ya pazia, yeye Bi Esha akiwapo. Alinitazama kwa muda, akaingia ndani, akatoka, akasimama karibu nami amekunja mikono.

"Sema."

Nikaliambia lile pazia la kijani kwamba naitwa Karisa, kwamba nimevunja vigae vya bafuni, kwamba lilikuwa kosa langu na si la ukuta, kwa sababu niliona haya kuomba kuangalia upande wake.

"Vingapi?" ikauliza sauti. Ilikuwa sauti nyembamba, iliyochoka.

"Vitatu vya maua, bibi. Na viwili vyeupe."

"Vipande umevitupa?"

"La. Viko kwenye ndoo, vyote."

"Nilivisikia," akasema. "Kila kimoja. Nikawa nangoja nione utasema au utafunika."

Nikamweleza kuhusu pipa na msumari na unga mweupe. Nikamweleza pia kwamba huenda visitoke vizima, na nikivunja na hivyo itakuwa vigae sita vya maua badala ya vitatu.

"Jaribu," akasema. "Ukiona vyakataa, viwate. Usilazimishe." Na baada ya kidogo: "Mimi na wifi yangu twapanda darini. Ingia humu uangalie ukuta wako."

Nilisikia hatua zao ngazini. Kisha nikavuka pazia ambalo nilikuwa nimeapa kutolivuka, na pale ukutani, nyuma kabisa ya ile koki, nikakuta kidaka. Ndani yake mlikuwa na mrashi na sanduku dogo la manukato lililofungwa, maana mtu wa eda hajitii manukato. Niliviondoa kwa mikono miwili, nikaviweka kitandani juu ya kitambaa, nikagonga kwa kucha. Mlio ulikuwa mwembamba; wembamba huo ndio uliotikisika chini ya tindo yangu ukapasua vigae. Kutoka hapo ningeifikia koki kwa shimo dogo la kupitisha mikono, bila kigae kimoja kujua kama nimekuja. Nilijitukana kwa Kigiriama, kwa upole, kwa kuwa nilikuwa ugenini.

Kisha nikalitoa maji lile pipa, ndoo kwa ndoo, kila sufuria ya nyumba ile ikajaa. Nikalivuta. Maua yalikuwapo nyuma yake, yana vumbi na utando wa buibui, mazima. Nilichukua msumari. Nikachimbua ukingoni mwa kigae cha kwanza, nikafungua kiganja chini yake.

Unga ulikuwa mweupe.

Karani yule, Mungu amrehemu, hakuwa amenunua saruji. Alichukua chokaa kama wazee wake. Nililowesha vitambaa, nikavikandamiza juu ya vigae, nikangoja, nikapitisha kile kipande cha msumeno nyuma taratibu sana, kama mtu anayekata halua asiyotaka ivunjike. Cha kwanza kikaniangukia mkononi. Cha pili kilinishikilia mpaka nikaanza kusali sala za kwetu. Cha tatu kikatoka chenyewe. Nilikaa kitako sakafuni, nimevipakata vyote vitatu, na pumzi niliyoitoa nadhani ilisikika darini.

Kazi ya bomba ilikuwa rahisi baada ya hapo. Nilifungua kidaka kwa nyuma, nikaitoa koki iliyokufa, nikafunga mpya kwa uzi wa katani, nikafungua maji nikaijaribu nimefumba macho. Ilifunga ikagota. Kwenye kidaka sikuziba kwa chokaa. Nilipima mbao, nikaweka kijilango, ili fundi atakayenifuata asiwe na sababu ya kuona haya. Nyuma ya pipa nikaweka vigae vyeupe vya dukani. Mbele, nikapaka chokaa laini, nikapanga maua matatu mahali pake na vyeupe viwili vya dukani kando yake, nikaweka pima maji juu ya maua nikasogeza mpaka kiputo kikakaa katikati kabisa. Nikafuta kila alama ya kidole. Nilikuwa na fahari, na sikuificha.

Ilikuwa inakaribia alasiri. Nilitoka ukumbini hadi mlango wa nje, nikawapa nafasi washuke waangalie, kisha Bi Esha akaniita. Nilisimama tena mbele ya pazia. Nilimsikia Bi Zuhura nyuma yake akipumua.

"Vimetoka vizima," akasema.

"Vimetoka, bibi. Alhamdulillahi," nikasema, kwa kuwa nilikuwa nimelisikia kwa Fundi Gulamu na hapo hakuna neno jingine lililotosha.

"Kazi safi. Mngu akupe. Lakini umevinyosha."

Sikuelewa. Bi Esha alikuwa amefunika mdomo kwa ncha ya buibui, na mabega yalikuwa yakimtikisika.

"Kakangu hakuwa na pima mai," akasema. "Alipimia kwa mato."

Nikarudi bafuni nikaangalia upya, safari hii kama mtu na si kama fundi. Mstari wa marehemu ulikuwa ukishuka. Ulianza vizuri upande wa dirishani, ukateremka kidogo kidogo, na ulipofika mlangoni ulikuwa umepotoka kwa upana wa kidole kizima. Vigae vyangu vitatu vilikuwa vimesimama katikati yake vimenyooka sawasawa, kama askari katikati ya watu wanaojinyoosha baada ya kula.

"Nimeteta naye kwa mstari huo miaka kumi na saba," sauti ikasema nyuma ya pazia. "Kila nikitoka kukoga namwambia, umekwenda kombo. Naye akisema, si mimi, ni nyumba. Sasa ukiunyosha, mimi n'tateta na nani?"

Nikaitia pima maji kwenye begi.

Chokaa huchelewa kukauka, na hiyo ndiyo bahati yake. Nikaviteremsha vile vigae kwa dole gumba, nikivitazama kwa jicho la karani aliyekuwa likizoni na anayejiamini kupita kiasi. Nikatoka hadi mlango wa nje, Bi Zuhura akaingia, akarudi nyuma ya pazia. "Bado," akasema. "Cha mwisho kishuke." Nikarudi. Nikatoka. "Sasa umezidisha. Hakuwa mlevi." Bi Esha akacheka wazi wazi, na ndani ya chumba nikasikia kitu kama kicheko kikijaribu njia. Nikarudi mara ya tatu. Nikakipandisha kidogo, upana wa kucha, nikaondoa mkono.

Safari hii alikaa bafuni muda mrefu. Niliposikia pazia likianguka nyuma yake, nilikuwa nimejiandaa kurudi tena, mara kumi kama ni lazima.

"Viwate hapo," akasema Bi Zuhura. "Hapo hapo ndipo alipokosea."